Gari Kuukuu Kama Zana ya Kufundishia Sayansi

Kila mwaka wanachuo warudipo kutoka kwenye mazoezi ya kufundisha katika shule za msingi za Bukoba na Muleba, sisi wakufunzi husoma katika taarifa zao sentensi moja iliyoandikwa kwa miandiko mbalimbali: shule haina zana za kufundishia. Makala haya hayakusudii kubishana na sentensi hiyo, kwani mara nyingi ni ya kweli. Yanakusudia kueleza jinsi kitu kimoja kikuukuu, ambacho jamaa zangu walinisihi nikiuze kwa kilo kwa wanunuzi wa vyuma chakavu, kilivyonisaidia kufundisha, na jinsi kilivyonionyesha kosa katika kazi yangu ambalo sikuwa nimeliona kwa miaka minane.

Kitu chenyewe ni gari dogo aina ya Toyota Starlet, la mwaka 1981. Ni gari fupi lisilo na buti lililochomoza kwa nyuma. Mlango wake wa nyuma hufunguka kwenda juu pamoja na kioo chake, na viti vya nyuma vikilazwa, mahali pa abiria na mahali pa mizigo huwa chumba kimoja, hata mikungu mitatu ya ndizi ikaingia bila kukatwa. Wafaransa walilieneza umbo hilo kwa Renault 4 kuanzia mwaka 1961, Wajerumani wakaja na Volkswagen Golf mwaka 1974, na Toyota wakaitoa Starlet ya namna hii mwaka 1978. Mafundi huijua kwa alama ya KP61, nayo iliendelea kutengenezwa hadi mwaka 1984. Starlet nyingine zilifuata mpaka mwaka 1999, zilipompisha Vitz tunayemwona kila siku barabarani.

Kwa mwalimu, tofauti kati ya KP61 na Starlet zilizofuata ni kubwa. Katika zile za baadaye injini imelala kwa upana na huzungusha magurudumu ya mbele, na kila kitu kimesongamana mahali pamoja. Katika KP61 injini imekaa kwa kufuata urefu wa gari, nyuma yake iko giaboksi, kisha propela, kisha difu, kisha magurudumu ya nyuma. Mtoto aliyeinama kando ya gari anaweza kuifuata nguvu kwa kidole chake tangu inakozaliwa hadi inakogusa ardhi. Petroli huchanganywa na hewa ndani ya kabureta, kifaa unachoweza kukifungua kwa bisibisi mezani. Hakuna kompyuta inayoficha sababu ya jambo. Kizazi cha injini hiyo, kiitwacho K, kilianza mwaka 1966 pamoja na Corolla ya kwanza, na kwa kuwa kilitumika pia katika magari mengine mengi ya Toyota, spea zake hazijapotea kabisa.

Nililipata gari hili Kamachumu, kwa mwalimu mstaafu aliyekuwa ameliegesha kando ya kibanja chake kwa miaka kumi na mmoja. Kuku walikuwa wakitagia ndani. Nilipomwuliza kama linafaa kununuliwa, mzee alicheka.

“Mwanangu, halijafa hilo,” aliniambia. “Limechoka tu, kama mimi.”

Tulipatana bei iliyokuwa chini ya bei ya pikipiki mpya, nalo likapakiwa kwenye lori lililokuwa likirudi Bukoba tupu.

Hapa ndipo nilipokosea. Badala ya kuanza na mifupa ya gari nilianza na ngozi. Nilimtafuta fundi wa rangi, naye akalipiga msasa, akajaza puti mahali palipobonyea na palipotoboka, akalipaka rangi nyekundu iliyong'aa hata watu wakasimama kulitazama. Injini ilisafishwa, plagi na mafuta vikabadilishwa, likawaka. Nikaanza kulitumia kwenda kukagua mazoezi ya kufundisha.

Bukoba ni miongoni mwa miji yenye mvua nyingi kuliko yote nchini. Kwa mwaka hupata takriban milimita 2,000. Masika moja tu ilitosha. Mwezi wa Aprili rangi ile ilianza kutoka malengelenge kwenye vizingiti vya milango. Niliyaona, nikasema nitayashughulikia wakati wa likizo. Siku chache baadaye nilikuwa nikirudi kutoka upande wa Muleba pamoja na wanachuo wawili, mmoja mbele na mwingine nyuma na chati zake za ukutani. Katika mteremko mmoja kabla ya kufika Kemondo nilikanyaga breki, na pedali ikazama hadi sakafuni kama mguu uliokanyaga tope. Nilishusha gia kutoka ya tatu hadi ya pili, kisha ya kwanza, huku nikivuta breki ya mkono kidogo kidogo, mpaka gari lilipoegemea ukingo wa udongo na kusimama. Mwanachuo aliyekuwa mbele hakusema neno. Yule wa nyuma aliuliza kama tumefika.

Bomba jembamba la chuma lipelekalo mafuta ya breki nyuma lilikuwa limeliwa na kutu chini ya kibanio chake, mahali ambapo jicho halifiki. Masta silinda ya gari hili ina vyumba viwili, kimoja kwa ajili ya magurudumu ya mbele na kimoja kwa ajili ya ya nyuma, ili kimoja kikishindwa kingine kibaki. Lakini mpira wa chumba cha pili nao ulikuwa umechakaa. Nilikuwa nimeendesha gari jekundu la kupendeza lisilokuwa na breki, na nilikuwa nimewapakia watoto wa watu.

Usiku ule sikulala vizuri, na si kwa sababu ya mteremko peke yake. Asubuhi ya siku hiyohiyo nilikuwa nimempa alama za juu mmoja wa wanachuo wale kwa somo lake la nyenzo katika darasa la tano. Ubao ulikuwa umepangika, andalio la somo lilikuwa safi, na kila alipouliza swali darasa zima liliitika kwa sauti moja. Wiki iliyofuata nilirudi shuleni hapo kwa basi, nikaomba dakika ishirini. Wanafunzi walinitajia egemeo, mzigo na jitihada bila kukosea hata silabi. Kisha nikawapa bisibisi ndefu na gurudumu la akiba lenye kifuniko chake, nikawaomba wakibandue kifuniko na kunionyesha egemeo liko wapi. Wanafunzi sita walijaribu. Wote walikibandua kifuniko, na hakuna aliyeweza kuonyesha egemeo. Wa saba, msichana aliyekuwa amekaa nyuma kabisa, aliweka kidole kwenye ukingo wa rimu na kusema polepole, “Ni hapa, maana hapa hapasogei.” Jibu lake halikuwemo kwenye daftari la mtu yeyote, wala halikuwa na neno moja la fasili waliyoikariri.

Simlaumu mwanachuo yule. Fomu niliyokuwa nikiijaza mimi ilitazama mwandiko, mavazi, chati na utulivu wa darasa. Mkaguzi wa rangi nilikuwa mimi.

Baada ya hapo nililikabidhi gari kwa fundi mmoja mtu mzima wa Rwamishenye, nikamwomba aniruhusu nifanye kazi chini yake siku za Jumamosi. Alikubali kwa sharti kwamba nisiguse spana kwa majuma mawili. Kazi yangu ilikuwa kuandika. Kila sehemu kabla ya kufunguliwa nilitakiwa niitaje jina, niichore ilivyokaa, na kuandaa kopo la maziwa lenye namba kwa ajili ya bolti na nati zake.

Siku moja nilichoka, nikamwambia kuwa hizi zote ni nati tu. “Mwalimu,” alinijibu bila kuinua kichwa, “ukifungua kitu usichokijua jina, utakirudisha wapi?”

Nimesoma vitabu kadhaa juu ya mpangilio wa maarifa na sikumbuki kilicholieleza jambo hilo kwa ufupi kiasi hicho. Kazi ilichukua miezi kumi na minne. Sakafu ilikatwa palipooza, bati jipya likachomelewa, mabomba yote ya breki yakawekwa mapya, na rangi ikawa jambo la mwisho.

Sasa nieleze jinsi gari lilivyotumika darasani. Nianze na breki, kwa sababu ndizo zilizonitia adabu. Somo la kanieneo katika vimiminika ni gumu likifundishwa kwa maneno. Chukua mabomba mawili mapya ya sindano, yasiyo na sindano zake, moja la mililita 5 na jingine la mililita 20, uyaunganishe kwa kipande cha mrija wa dripu. Yajaze maji, ukihakikisha hakuna hata povu moja la hewa. Mwanafunzi mmoja asukume bomba dogo kwa kidole gumba, na mwenzake ajaribu kulizuia lile kubwa. Watashangaa kuwa wa bomba dogo humshinda mwenzake, lakini kidole chake husafiri mwendo mrefu ilhali kile kingine kinasogea kidogo tu. Waache wabadilishane, wapime kwa rula, wabishane. Ndipo uingize povu la hewa kwa makusudi. Kidole kitazama na upande wa pili hautasogea kama kwanza, kwa kuwa hewa hukubali kugandamizwa na maji hukataa. Baada ya hapo wapeleke kwenye gari, wakanyage pedali kwa mkono na kuona gurudumu la mbele lililoinuliwa likishikwa.

Mwanafunzi mwenye akili atauliza hewa huingiaje kwenye breki. Mwambie kwamba mafuta ya breki hunyonya unyevu hata yakiwa ndani ya kopo lililoachwa wazi. Mafuta ya daraja la DOT 3 yakiwa mapya hayapaswi kuchemka chini ya nyuzi 205 za Selsiasi. Yakishanyonya maji kiwango hicho hushuka hadi kukaribia 140. Katika mteremko mrefu breki hupata joto, maji yaliyomo huwa mvuke, na mvuke hugandamizika kama hewa ya lile povu. Kwa sababu hiyo mafuta ya breki hubadilishwa hata kama hayajapungua.

Hesabu nazo zimo, nami nitazipitia kwa haraka. Injini ya gari langu ni ya alama ya 4K. Ina silinda nne, kila moja ikiwa na kipenyo cha milimita 75, na pistoni husafiri milimita 73 kutoka chini hadi juu. Waambie wanafunzi wa darasa la saba watafute ujazo wa mcheduara wenye nusu kipenyo cha sentimita 3.75 na kimo cha sentimita 7.3, wautumie 22/7, kisha wazidishe kwa nne. Watapata takriban sentimita za ujazo 1,290, na hiyo ndiyo namba iliyoandikwa kwenye kadi ya gari. Sijapata kuona darasa likishangilia jibu la hesabu ila siku ile nilipoifungua kadi mbele yao.

Lakini somo lililonishinda ni lile ambalo sikuliandaa. Nilikuwa nimewaonyesha wanafunzi wa shule moja ya Kemondo kipande cha sakafu ya zamani, kilichokuwa kimebaki kama utando wa buibui. Mvulana mmoja aliuliza, “Mwalimu, chuma kilichokuwa hapa kimekwenda wapi?”

Nilikuwa nimezoea kusema kwamba kutu hula chuma, na kumbe usemi huo ndio uliomdanganya mtoto. Kitu kilichosemwa kimeliwa, hapana budi kiwe ndani ya tumbo la mlaji. Nilimwambia nitajibu wiki ijayo, nikampa kila mwanafunzi msumari.

Jaribio tulilofanya halihitaji maabara. Tulitumia chupa nne. Katika ya kwanza tuliweka msumari na maji ya kawaida, chupa ikiwa wazi. Katika ya pili maji yaliyochemshwa sana ili hewa iliyoyeyuka itoke, tukayafunika kwa mafuta ya kupikia yakingali moto. Katika ya tatu hapakuwa na maji. Tuliweka mchele uliokaangwa ukakauka kabisa, tukaifunga kwa nguvu. Katika ya nne maji yenye chumvi. Baada ya siku saba msumari wa kwanza na wa nne ilikuwa na kutu, wa nne zaidi, na ile miwili ya kati ilikaribia kuwa kama ilivyoingia. Wanafunzi wenyewe walisema kuwa kutu hutaka maji na hewa kwa pamoja, na kwamba chumvi huiharakisha. (Mmoja alidai basi Ziwa ndilo lililoharibu gari langu. Tuliyaonja maji ya mtungi: Ziwa Viktoria si bahari, maji yake ni matamu. Kosa ni la mvua, na la matope na majani ya mgomba yaliyoziba vitundu vya kutolea maji chini ya milango, hata chuma kikalowa kutoka ndani huku rangi ya nje ikiwa nzima.)

Ndipo tukarudi kwenye swali. Chuma hakijaliwa. Kimeungana na oksijeni ya hewani pamoja na maji, kikawa ile unga ya hudhurungi iliyoanguka chini. Tena kutu ni nzito kuliko chuma iliyotokana nacho, kwa kuwa imeongezewa vitu, nayo huchukua nafasi kubwa zaidi. Kwa hiyo huinua rangi na kufanya malengelenge. Unga ile ni ndugu wa mawe mekundu ambamo chuma hutolewa. Sakafu ya gari langu ilikuwa inarudi kuwa udongo.

Nilipolisema hilo pale Kemondo nilikuwa nimesimama mahali panapostahili. Mwaka 1978, mwaka uleule Starlet hii ilipotolewa, watafiti Peter Schmidt na Donald Avery walichapisha katika jarida la Science taarifa juu ya matanuri ya kale ya chuma ya Buhaya, yakiwemo mabaki yaliyofukuliwa Katuruka na Kemondo, ya takriban miaka 1,500 hadi 2,000 iliyopita. Katika miaka ya 1970 wazee wa Kihaya waliokumbuka kazi hiyo waliwajengea watafiti tanuri, wakayeyusha chuma mbele yao: shimo lililojazwa majani ya bwawani yaliyochomwa, mkaa, mivukuto, na mirija ya udongo iliyoingizwa ndani kabisa ya tanuri, ambayo kwa maelezo ya watafiti hao iliwezesha hewa kupata moto kabla ya kuufikia mkaa. Kazi ya tanuri lile ilikuwa kuiondoa oksijeni kwenye mawe. Kazi ya mvua kwenye gari langu ilikuwa kuirudisha. Mvulana yule aliniuliza kama basi kutu ya gari ikikusanywa inaweza kuyeyushwa ikawa chuma tena. Nilimwambia ndiyo, akatazama kile kipande kwa muda mrefu.

Yako mambo ya tahadhari ambayo mwanachuo hana ruhusa ya kuyasahau. Kamwe mtoto asiingie chini ya gari lililoinuliwa kwa jeki peke yake; weka magogo imara chini ya bodi na mawe kwenye magurudumu. Betri iondolewe kabla ya somo, kwani asidi yake huunguza ngozi na macho. Petroli isiwepo darasani hata kidogo, na injini isiwashwe ndani ya chumba, kwa kuwa moshi wake una sumu isiyonusika. Na tazama ni nani anayeshika spana. Katika makundi yangu ya kwanza wavulana walishika vifaa na wasichana wakashika kitambaa cha kufutia. Sikuwapanga hivyo, ila sikuwapanguwa pia. Sasa vifaa hupokezanwa kwa saa.

Wanachuo huniuliza watafanyaje wao wasio na gari, na wengine huuliza kwa kejeli kidogo, ambayo naipokea. Mtu asinunue gari bovu kwa mshahara wa mwalimu anayeanza kazi. Mimi mwenyewe nililipa kwa miezi kumi na minne na mke wangu bado ananikumbusha. Gereji zipo Muleba mjini na Bukoba, na mafundi wake, ukiwaamkia vizuri na kuwaeleza shida yako, watakupa kabureta iliyokufa, plagi, beringi na vipande vya breki bila malipo. Baiskeli ya mwanafunzi ina nyenzo, mnyororo, msuguano na kutu. Pikipiki ya jirani ina silinda moja unayoweza kuipimia ujazo. Linalotakiwa ni kitu kinachofunguka mbele ya mtoto na kufungwa tena kikafanya kazi.

Gari langu linakwenda vizuri sasa, isipokuwa geji ya mafuta haijapona. Fundi alitaka kuitafutia spea, nikamzuia. Wanafunzi wa darasa la sita wamechonga kijiti cha kupimia, na tatizo walilokutana nalo ni kwamba tangi si mraba wala mcheduara, kwa hiyo alama za lita kwenye kijiti hazilingani umbali. Wamekwisha kuweka alama nne, kwa kumimina lita tano tano za maji kwenye tangi bovu tuliloazimwa na gereji. Juma lijalo wataendelea na ya tano.